Kabla ya Rangi, Tazama Chini

Wewe uliyepo dukani, wewe uliyepo jikoni, na wewe dereva unayetusikiliza huku kioo kimeteremshwa kwa sababu eyasii ilikwisha kufa zamani, karibuni nyote.

Leo nataka tuzungumze juu ya gari ndogo. Sisemi zile Escudo wanazokodi wageni, wala gari za shamba zinazotuteremsha na mizigo yetu kwa njia ya 310 kutoka mjini hadi hapa Makunduchi. Nasema zile gari fupi zenye mlango mkubwa nyuma, unaonyanyuka juu pamoja na kioo chake. Toyota Starlet, Nissan March, Suzuki Swift za zamani. Pita Kajengwa, pita Nganani, utaziona. Nyengine zimelala chini ya mwembe, kuku wanatagia ndani. Nyengine zina umri wa kuoa na kila alfajiri ziko barabarani.

Mimi ninayo moja, Starlet ya lile umbo lililotoka mwishoni mwa 1989 na kutengenezwa mpaka 1995, ambalo mafundi wanaliita EP82. Naipenda, sifichi. Lakini sikuja hapa kuisifu gari yangu. Nimekuja na neno moja kwa kila mwenye gari kuukuu pwani hii: gari zetu zinakufa kutokea chini, na sisi tunazitibu kutokea juu. Ikikaribia Idi, ikikaribia harusi, ikikaribia Mwaka Kogwa mwezi wa Julai, watu wanakimbilia kwa fundi rangi. Gari inang'ara wiki ya sherehe. Baada ya mvua mbili za masika, mlango haufungi sawasawa, na ukinyanyua zulia unaiona barabara.

Kwanza tuelewane gari hizi ni nini na kwa nini zimetufaa.

Mlango wa nyuma wa kunyanyua haukuanza Japan. Mwaka 1961 kampuni ya Renault ya Ufaransa ilitoa Renault 4, gari rahisi ya mkulima na ya mtu wa mjini, ambayo kiti chake cha nyuma kinaondoka ukapakia unachotaka. Mwaka 1972 Wajapani wakaja na Honda Civic. Mwaka 1973 bei ya mafuta ikapanda duniani kote, na gari ndogo ikawa ndiyo gari ya mwenye akili. Mwaka 1974 Volkswagen ikatoa Golf, iliyochorwa na Mtaliana Giorgetto Giugiaro, na tangu hapo umbo hilo likaenea kila pahali.

Starlet nayo ina safari yake. Ile ya 1978 ilikuwa bado inasukumwa na magurudumu ya nyuma. Mwaka 1984 Toyota wakaigeuza: injini ikalazwa kwa upana na nguvu zikapelekwa magurudumu ya mbele, mpango ambao Alec Issigonis aliupa umaarufu kwa ile gari yake ya Mini mwaka 1959. Utaniuliza, hilo linanihusu nini mimi wa Makunduchi? Linakuhusu. Injini ikikaa vile, hakuna tena ile shafti ndefu inayopita katikati kwenda nyuma. Sakafu inakuwa karibu bapa, na ndani ya gari fupi unapata nafasi ambayo ukitazama kwa nje huitegemei. Ndiyo maana unalaza kiti cha nyuma, unatia masufuria ya pilau, mikeka ya shughuli, madumu ya maji, ndoo ya pweza, na bado bibi anakaa mbele kwa raha zake.

Na zimefikaje kwetu? Japan wana ukaguzi wa gari unaoitwa shaken. Gari mpya hukaguliwa baada ya miaka 3, kisha kila baada ya miaka 2, na gharama zake si ndogo. Gari ya petroli ikipita miaka 13, kodi yake nayo inapandishwa. Mjapani akipiga hesabu anaona bora aiuze. Na kwa kuwa wao, kama sisi, wanaendesha kushoto na usukani upo kulia, gari inashuka bandarini tayari kwa barabara zetu. Milango ya biashara ilipoanza kufunguliwa kuanzia 1984, wakati Mzee Ali Hassan Mwinyi anashika urais wa Zanzibar, na baadaye Tanzania nzima, watu wa kawaida wakaanza kuwaza kumiliki gari. Miaka ya tisini na elfu mbili, gari ya kwanza katika nyumba nyingi ilikuwa ndogo ya namna hii: injini ya lita 1.3, uzito haufiki tani moja, lita ya mafuta inakufikisha mbali.

Starlet ya Japan ilikoma 1999, nafasi yake ikachukuliwa na Vitz. Mwaka 2020 Toyota wakalirudisha jina hilo katika soko la Afrika, lakini usidanganyike, msikilizaji. Hiyo mpya asili yake ni Suzuki Baleno inayotengenezwa India. Ni gari nzuri, ila bampa lake wala taa yake haiingii kwenye Starlet ya babu yako.

Sasa tuje kwenye adui.

Makunduchi ipo ncha ya kusini-mashariki ya Unguja. Kaskazi ikivuma, inatujia kutoka baharini. Kusi ikivuma, nayo inatujia kutoka baharini. Watu wa Mji Mkongwe wapo upande wa magharibi. Pepo hizo zikiwafikia, zimeshapita juu ya kisiwa kizima, juu ya miti na mashamba. Sisi tunazipokea mbichi, na ndani yake mna chumvi. Chumvi ile hukaa kwenye bati. Usiku hewa ikiwa na unyevu, chumvi huuvuta. Chuma kikipata maji na hewa kinashika kutu, hilo kila mtu analijua. Lakini maji yenye chumvi hupitisha umeme vizuri zaidi, na kutu kwa hakika ni kazi ya umeme mdogomdogo unaotembea baina ya sehemu moja ya chuma na nyengine. Chumvi inauharakisha.

Tena wenyewe tunaongeza. Tangu kilimo cha mwani kilipoanza kibiashara pwani ya mashariki, Paje na Jambiani, mwaka 1989, mwani umepakiwa katika kila kinachotembea. Gunia la mwani mbichi linatiwa nyuma ya Starlet, linachuruzika njia nzima, maji yanaingia chini ya zulia, yanakwenda kujikusanya kwenye shimo la tairi ya akiba. Samaki hivyohivyo. Barafu hivyohivyo. Na wako wanaoteremka na gari mpaka mchangani bahari ikiwa imekupwa. Jioni gari inaoshwa juu, inafutwa vioo, inaonekana safi. Chini haikuguswa na tone la maji baridi.

Wavuvi wetu wanalijua jambo hili vizuri kuliko sisi wenye gari. Chombo kinapandishwa pwani, kinaparurwa, kinakalafatiwa, kisha sehemu inayokaa majini inapakwa deheni ya shahamu na chokaa. Hakuna nahodha anayepoteza fedha zake kwenye nakshi za juu hali chini panavuja. Basi na gari ya pwani ni chombo, na tumbo lake ndilo linalotaka deheni mwanzo.

Kwa Starlet jambo hili ni zito zaidi. Zile Escudo za mwanzo zina chesisi, yaani kiunzi cha chuma kinene, na bodi imefungwa juu yake. Bodi ikioza, kiunzi bado kinabeba. Starlet haina kiunzi hicho. Bodi ndiyo chesisi yenyewe. Sakafu, yale mabati yaliyokunjwa chini ya milango, matao ya tairi, na pale juu kichwa cha shokapu kinapofungwa: hayo ndiyo mifupa. Yakila kutu, gari inakunjika kidogokidogo. Ndiyo unaona mlango unaburura, kioo cha mbele kinapata ufa bila kupigwa jiwe, tairi zinalika upande mmoja hata ukifanya alaimenti kila mwezi. Mtu anambadilisha fundi, anabadilisha boljointi, anabadilisha bushi, na ugonjwa haupo huko.

Siku moja nilikuwa kwa fundi bodi mmoja, imeletwa gari imepigwa rangi miezi michache nyuma, nyekundu inakata. Mwenyewe anasema anataka kuchomelewa pahali padogo tu chini ya mlango. Fundi kagonga na mpini wa bisibisi, puti ikaanguka kipande kizima, nyuma yake wazi.

"Yakhe," akamwambia, "mie nichomelee wapi? Hapa hapana bati la kushika moto."

"Lakini fundi, si limepigwa rangi hili?"

"Limepigwa rangi, ndiyo. Rangi ndiyo iliyobaki."

Mnacheka, lakini ndiyo hali yenyewe. Puti ina kazi yake, nayo ni kusawazisha mahali palipobonyea juu ya bati zima. Haikuwekwa kuziba tundu. Ukiziba kutu kwa puti, unyevu unabaki nyuma na kutu inaendelea kula kwa nafasi, haionekani. Hata ile rangi nyeusi nzito ya lami wanayopaka chini, ikipakwa juu ya kutu ni sawa na kuifunika blanketi. Kazi ya haki ni kukata bati bovu mpaka ufike kwenye bati zima, kupachika bati jipya la unene uleule, kuchomea mshono wote na si vinundu vya hapa na pale, kupiga msasa, kupaka praima, kuziba maungio, kisha ndiyo rangi. Ndani ya yale mabati yenye uwazi, ambamo mkono haufiki, nyunyiza nta au grisi iliyoyeyushwa. Na vile vitundu vidogo vilivyopo chini ya milango, usivizibe. Toyota wameviweka makusudi ili maji yatoke. Vikijaa mchanga, vizibue kwa kijiti.

Jambo jengine, na hili mnisikilize. Kabla fundi hajawasha mashine ya kuchomelea, mwambie atoe waya za betri. Starlet nyingi za umri huu zina kompyuta ndogo inayopima mafuta yanayoingia kwenye injini. Umeme wa kuchomelea ukipita njia isiyo yake, unaiua kompyuta ile au oltaneta, na utatoka na sakafu mpya na gari isiyowaka.

Tukimaliza bati, tuje kwenye maji. Injini ya Starlet ni ngumu, lakini ina udhaifu mmoja: haipendi joto kupita kiasi. Bloku yake ni chuma, kichwa chake ni aluminiamu. Ikichemka, kichwa kinapinda, gasketi inakwenda. Na kwa nini inachemka? Sababu moja tunaiteka wenyewe kisimani. Ardhi yetu ni ya mawe ya matumbawe, na visima vingi vya karibu na pwani vina maji ya magadi au ya chumvichumvi. Mtu anayachota hayo hayo, anajaza rejeta. Yanajenga ukoko ndani ya njia nyembamba, tena yanaila ile aluminiamu. Tia dawa ya rejeta iliyochanganywa na maji safi. Ikikosekana kabisa, maji ya mvua yaliyokingwa safi ni bora kuliko ya kisima cha pwani, na hayo yawe ya kukufikisha tu.

Kisha kuna ile desturi ya kutoa thamostati na kuitupa. Fundi anakwambia, "Itoe, nchi yetu ya joto." Hapana. Thamostati inaiwezesha injini kufika joto lake la kazi na kubaki hapo. Ukiitoa, injini inafanya kazi baridi, inakula mafuta zaidi, inalika mapema. Kama gari inachemka, tafuta kinachoichemsha: rejeta iliyoziba, feni isiyozunguka, pampu ya maji iliyochoka. Na mkanda wa taiming ukiwa hujui umebadilishwa lini, hesabu kuwa haujabadilishwa, na pampu ya maji ibadilishe siku hiyohiyo kwa kuwa kazi ya kufungua ni moja.

Spea zinapatikana, alhamdulillahi. Mjini zipo, Kariakoo ya Dar es Salaam zipo nyingi zaidi, na wenye ndugu Uarabuni wanajua kwamba Sharjah kuna soko kubwa la vifaa vilivyotolewa kwenye gari kuukuu. Taa, kioo, kitasa cha mlango, dashibodi: chukua mtumba bila ya wasiwasi, mara nyingi mtumba wa orijino unashinda kopi mpya. Lakini usinunue mtumba wa kitu cha mpira au cha kusimamishia gari. Pedi za breki, paipu za breki, bushi, mikanda, hivi nunua vipya na uvichague. Mafuta ya breki yanakunywa unyevu wa hewa, na hewa yetu unaijua. Yabadilishe kila baada ya miaka 2. Na tairi, soma ubavuni mwake. Kuna tarakimu 4 ndani ya duara refu. Ikiwa 1412, tairi ilitengenezwa wiki ya 14 ya mwaka 2012. Kashata zake zinaweza kuwa nzima kabisa, lakini mpira umekwisha kuzeeka, na jua la Disemba kwenye lami ya Kitogani ndilo litakalokujulisha.

Sasa, msikilizaji, kuna swali la haki. Kwa nini ujisumbue? Kwa nini usinunue ya karibuni?

Wapo wanaofanya kwa mapenzi, na mapenzi hayana aibu. Nairobi wana tamasha la Concours d'Elegance tangu 1970, watu wanaleta gari za zamani, majaji wanapita na kukagua mpaka ndani ya boneti na chini ya gari. Kenya pia kuna mbio za Safari za gari za kale, zilizoanza 2003, kukumbuka ile Safari ya Afrika Mashariki iliyoanza 1953. Huo ni mchezo mzuri wa wenye nafasi. Lakini angalieni kitu kimoja: hata kule, jaji anainama kutazama chini.

Sababu ya Makunduchi ni nyengine. Starlet ni gari ambayo fundi wa hapa kijijini anaweza kuifahamu yote. Anaisikia, anainusa, anaifungua kwa spana namba 10, 12 na 14, anaijua. Gari za miaka ya karibuni zinataka kompyuta ya kuzisoma, na anayemiliki kompyuta hiyo yupo mjini, zaidi ya km 60 kutoka hapa. Fedha za matengenezo zinapanda gari kwenda mjini na hazirudi. Unapoitengeneza Starlet yako hapa, unamlipa fundi bodi wa hapa, fundi umeme wa hapa, na kijana anayeshika tochi chini ya gari anajifunza kazi. Tuna Kituo cha Mafunzo ya Amali hapahapa Makunduchi. Gari moja kuukuu iliyokufa chini ya mwembe, ikitolewa kwa vijana waikate, waichomelee, waifungue na kuifunga, ingewafundisha kuliko michoro kumi ya ubaoni. Ninaiomba familia yenye gari kama hiyo iwaze jambo hili kabla ya kuiuza kwa kilo kwa wanunuzi wa vyuma chakavu.

Lakini mapenzi yasitutie upofu. Gari hizi zilitengenezwa zamani. Nyingi hazina mifuko ya hewa ya kumkinga abiria, na bati lake ni jepesi. Watoto wakae nyuma, mikanda ifungwe, na mwendo uwe wa adabu. Na ipo siku ya kusema basi. Ikiwa kutu imekula sakafu, unaweza kuikata na kutia nyengine. Ikiwa imekula matao, unaweza. Lakini ikiwa pale shokapu ya mbele inapofungwa pameoza pande zote mbili, na yale mabati marefu yanayobeba injini yanabonyea kwa kidole, hiyo si gari tena. Toa injini, toa gia boksi, toa milango na vioo, viwe akiba ya Starlet nyengine inayoishi. Huko si kushindwa, ndivyo gari hizi zinavyobaki hai.

Basi nifunge kwa ushauri wa kufanyika, si wa kusikiliza tu. Ijumaa ijayo, baada ya sala na baada ya chakula, iegeshe gari yako mahali pakavu. Nyanyua zulia, mbele na nyuma. Toa tairi ya akiba, tazama shimo lake. Chukua bisibisi, gonga taratibu chini ya milango. Bati zima linalia, bovu linanyamaza. Ukitaka kuingia uvunguni, usiingie chini ya jeki peke yake, weka magogo imara kwanza. Halafu zile fedha ulizotenga kwa rangi ya Mwaka Kogwa, zigawe: fundi bodi apate kwanza, rejeta na breki zipate pili, na kikibaki kitu ndiyo apate fundi rangi. Kisipobaki kitu, gari iende Mwaka Kogwa na rangi yake iliyofifia. Wageni watakaokuja watazame shamrashamra zetu. Hawakuja kutazama boneti yako. Wewe mwakani utakuwa na gari, na jirani yako mwenye rangi mpya atakuja kukuomba lifti.